Tuhamisheni, lakini msitutawanye: barua ya wazi kutoka kwa seremala wa Mwanakwerekwe

Kwa Waheshimiwa mnaosimamia viwanda vidogo, ardhi na mabaraza ya miji, Unguja na Pemba.

Assalamu alaikum.

Mimi ni fundi seremala. Nilianza mwaka 1994 kwa kufagia maranda bandani kwa marehemu mjomba wangu, na mpaka leo riziki yangu naipata pembeni ya barabara, Mwanakwerekwe. Nawaandikia kwa sababu wiki tatu zilizopita tuliletewa karatasi. Inasema eneo tunalofanyia kazi linahitajika kwa matumizi mengine, tumepewa miezi mitatu, na kila fundi atafute nafasi katika shehia anayoishi, ambako atasaidiwa kupata kibali.

Naamini aliyeiandika karatasi hiyo alikuwa na nia njema. Alifikiri anatupunguzia taabu: fundi wa Fuoni afanye kazi Fuoni, wa Bububu abaki Bububu, wa Tomondo asihangaike na daladala. Kwenye ramani jambo hilo linapendeza. Lakini ndilo lililoninyima usingizi. Kuhama tunaweza, wazee wetu walihama mara ngapi? Kutawanywa ndiko kutakakotumaliza. Naomba mnisikilize nieleze kwa nini, na njia ninayoiona ni kuwaonesha kitanda kimoja tu.

Mwezi uliopita alikuja bibi mmoja wa Jang'ombe kuagiza samadari kwa harusi ya mjukuu wake. Alitaka kitanda kama alicholalia yeye alipokuwa bibi harusi: nguzo nne za kukereza, ubao wa kichwani wenye nakshi, na vioo vya kuchora maua. Akaniachia malipo ya mwanzo ambayo hayakufika hata nusu ya bei ya mbao.

Nikaenda kwa muuza mbao aliyeko mwanzo wa safu yetu. Akanipa mninga kwa mali kauli, yaani nichukue sasa nilipe baadaye. Mbao nikazibeba begani mpaka banda la tatu, kwa mwenye msumeno wa mashine, naye akazipasua kwa vipimo nilivyomwandikia kwa chaki. Kutoka hapo zikavuka njia kwenda kwa ndugu wawili wenye randa ya umeme, ambao siku nzima kazi yao ni kuranda tu. Nguzo zikaenda kwa mkereza. Mkereza ni mmoja katika mabanda yetu zaidi ya 40, na kabati hajatengeneza miaka na miaka. Hana haja nalo. Anakereza miguu ya meza, nguzo za vitanda na vishikio vya ngazi za kila mtu, na mkono wake umekuwa mwepesi hivi kwamba nguzo nne zinatoka sawasawa kama zimetoka kwenye kalibu moja. Ubao wa kichwani nikampelekea mzee wa nakshi. Yeye hakerezi wala haunganishi. Amekaa na patasi zake na kigongo cha mbao, anachonga yungiyungi na mnyororo kama alivyofundishwa na aliyemfundisha.

Vipande viliporudi kwangu nikaviunganisha kwa ulimi na tundu. Kisha wakaja vijana wa msasa. Kisha akaja mpaka vanishi, yaani fundi wa kupaka vanishi, ambaye humwambii kitu siku ya mawingu kwa sababu anajua rangi yake itapata ukungu. Kisha mtu wa vioo. Mwisho hamali akafunga kamba kwenye mkokoteni, kitanda kikaenda Jang'ombe.

Hesabuni wenyewe: muuza mbao, mwenye msumeno, ndugu wa randa, mkereza, mzee wa nakshi, mimi, vijana wa msasa, mpaka vanishi, mtu wa vioo, hamali. Kazi 10, na tangu mbao ya kwanza mpaka kioo cha mwisho, kitanda kile hakikutembea zaidi ya hatua 200.

Sasa kitawanyeni. Mkereza mpelekeni Fuoni, msumeno Bububu, randa Tomondo, nakshi Chukwani, na mimi nibaki peke yangu. Kila kipande kitataka gari ya keri, ile ndogo ya mizigo, kwenda na gari ya keri kurudi. Pakitokea kosa la robo inchi, ambalo leo nalirekebisha kwa kupiga kelele ng'ambo ya njia, nitapoteza siku nzima. Hilo ndilo dogo. Kubwa ni kwamba huyo mkereza akishafika Fuoni hatakuwa mkereza tena. Shehia moja haiagizi nguzo za kutosha kumlisha mtu asiyefanya kingine. Ili ale, itabidi atengeneze na madirisha, na meza, na jeneza likitokea. Baada ya mwaka mmoja atakuwa seremala wa kawaida mwenye mashine ya kukereza inayopata kutu kwenye kona, na kila mmoja wetu atakuwa amelazimika kununua msumeno wake anaoutumia saa moja kwa siku. Tutakuwa na mashine nyingi zaidi na ufundi mdogo zaidi.

Kuna jambo la mali kauli pia, na naomba mlipime kwa uzito wake. Benki ikinikopesha inataka hati, na mimi hati sina. Nyumba ninayokaa ni ya urithi wa watu saba. Muuza mbao hajawahi kuniomba hati. Anachotaka ni kuniona asubuhi nikifungua banda. Akiniona nimefungua, deni lake lipo. Nikichelewa kulipa anajua kama nimefiwa au nimefanya ujanja, kwa sababu aliyekaa jirani yangu ndiye anayekaa naye barazani jioni. Mkopo huo haumo kwenye takwimu za taasisi yoyote, na ndio unaoendesha nusu ya kazi zetu. Ukinipeleka mimi maili sita kutoka machoni mwake, atanidai fedha taslimu, na atakuwa na haki. Nitampata wapi bibi wa Jang'ombe wa kunilipa kitanda kizima kabla hajakiona?

Na vijana. Kituo cha Mafunzo ya Amali kiko hapa hapa Mwanakwerekwe, na kinafanya kazi nzuri ya kuwapa vijana msingi. Lakini kijana akishajua kupima na kuunganisha, anakuja kwetu kuona kazi ya kweli: mteja mkali, mbao yenye fundo, tarehe ya harusi isiyosogezwa. Akiwa bandani kwangu anamwona na mzee wa nakshi, anamsikia mpaka vanishi akigomba na hali ya hewa. Hafundishwi na mtu mmoja. Binti yangu, anayesoma uchumi SUZA, Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, aliniambia kuwa mchumi wa Kiingereza Alfred Marshall aliliona jambo hili mwaka 1890 alipoandika juu ya miji ya ufundi ya kwao: kwamba mafundi wa kazi moja wakikaa pamoja muda mrefu, siri za kazi huacha kuwa siri, zinakuwa kama ziko hewani, na watoto wanazivuta bila kujua kuwa wanajifunza. Nikamwambia huyo bwana lazima aliwahi kukaa kwenye baraza kama letu. Siku hizi wataalamu wa serikali wanaliita jambo hilo kongano. Jina zuri. Basi kongano mnalotaka kulijenga kwenye mipango, hapa mmelikuta limejijenga lenyewe kwa miaka, bila shilingi ya bajeti.

Sitawaficha na kasoro zetu. Tunauana kwa bei. Mteja akitoka kwangu na bei ya kabati, jirani anamshushia, na wa tatu anashusha tena, mpaka anayeshinda ni yule aliyeamua kupunguza unene wa mbao. Mtu akibuni kitu kizuri, wiki ya pili kipo mabanda matano. Vumbi letu linaingia dukani kwa watu. Tina na vanishi viko karibu na nyaya ambazo hazikufungwa na fundi umeme, na moto tunauogopa kuliko mnavyouogopa nyinyi. Hayo ni kweli, na karatasi ile ingetaja hayo tungekaa kimya. Kukaa pamoja peke yake kunaleta nusu ya faida. Nusu ya pili inataka watu waliokaa pamoja wakubaliane, na hapo ndipo sisi tumeshindwa, na hapo ndipo nyinyi mngeweza kutusaidia.

Nitawaambia jinsi tulivyoshindwa. Miaka michache iliyopita hoteli moja ya pwani ya mashariki ilituagiza milango 60. Ilikuwa kazi kubwa kuliko yoyote niliyowahi kuishika. Nikaigawa kwa mafundi watano, tukafanya kazi mpaka usiku, tukaipeleka kwa wakati. Baada ya miezi minne nikaitwa. Milango ilikuwa imepinda, mingine imepasuka kwenye paneli, na vitasa havifungi. Nilizunguka chumba kimoja kimoja na meneja akiwa nyuma yangu, hakunena neno, na sijapata kuona aibu kama ile. Mbao zilikuwa hazijakauka. Kanuni tunayoijua sote ni kuwa mbao ikianikwa kwenye upepo inataka kama mwaka mmoja kwa kila inchi ya unene, na hata hapo, kwa hewa yetu hii ya pwani, inabaki na unyevu. Ukiipeleka kwenye chumba cha kiyoyozi inaendelea kukauka huko huko, na inajikunja inavyotaka. Dawa yake ni tanuri la kukaushia mbao, linalofanya kwa wiki chache kazi ya miezi mingi, na kipimo cha unyevu kinachokaa kiganjani. Hakuna hata mmoja wetu mwenye uwezo wa kununua tanuri. Na hakuna hata mmoja wetu anayelihitaji peke yake. Peke yangu nisingeweza kulijaza. Sisi 40 tusingeliacha tupu hata siku moja.

Tulirudisha fedha kidogo kidogo, na hoteli ile ikaleta milango yake kwa kontena. Siilaumu. Mwaka 2023 Zanzibar ilipokea watalii zaidi ya 638,000. Kila mmoja wao alilala kwenye kitanda, akafungua mlango, akaning'iniza nguo kabatini. Nikipita bandarini Malindi na kuona makontena, huwa najiuliza ni mangapi yana vitanda ndani, vimevuka bahari kuja kisiwa ambacho milango yake ya kuchonga ilichangia Mji Mkongwe kuingizwa na UNESCO katika urithi wa dunia mwaka 2000.

Wenzetu wamepita hapa tulipo. Kuna mji Pakistani unaitwa Sialkot. Walikuwa wahunzi, na kazi ya vifaa vya upasuaji waliianza kwa kutengeneza vilivyoharibika vya hospitali ya wamisionari. Mpaka leo mikasi na koleo za madaktari wa nchi nyingi hutoka kwao, kwenye karakana ndogo ndogo, moja inafua, ya pili inasaga, ya tatu inang'arisha, kama sisi na kitanda. Mwaka 1994 Marekani ikavizuia vifaa vyao kwa sababu ya ubora. Ilikuwa milango 60 yao. Wangeweza kulaumiana mpaka wafe. Badala yake chama chao na serikali yao wakakaa meza moja, wakaleta mafunzo na ukaguzi wa viwango, na soko likafunguka tena. Hakuna aliyewaambia kila mhunzi arudi kijijini kwake. Baadaye wafanyabiashara wa mji huo wakachangishana wakajenga uwanja wao wa ndege wa kimataifa, ulioanza kazi 2007.

Karibu zaidi na kwetu, Kumasi nchini Ghana, wako mafundi magari na vyuma wa Suame Magazine. Mwaka 1980 chuo kikuu cha mji huo hakikuwangoja mafundi waje chuoni. Kilifungua karakana katikati yao, yenye mashine ambazo fundi mmoja asingeweza kuzinunua, na walimu wa kuwaonesha. Na Nairobi, Rais Daniel arap Moi alipowatembelea mafundi wa Kamukunji mwaka 1985 na kuwakuta wanagonga mabati juani, aliwaahidi vivuli vya kufanyia kazi. Alikwenda akawaona walipo.

Hapa kwetu pia mnazo mila hizi. Mwenye kutaka chombo cha baharini anakwenda Nungwi, mwenye kutaka halua anaitaja Wete, na mwenye kutafuta kitambaa cha sikukuu anaelekea Mchangani bila kuuliza. Umaarufu wa pahala ni mali ya wote waliopo pale, na haugawiki kwa shehia.

Basi tunachoomba ni hiki. Kama barabara lazima ipanuliwe au jengo lazima lijengwe, tafuteni eneo moja, hata likiwa mbali kidogo na mjini, na mtuhamishe sote kwa pamoja na siku moja: muuza mbao, msumeno, mkereza, nakshi, hamali na mama anayetuuzia chai na mihogo. Msimwache hata mmoja kwa sababu karatasi zake hazijakamilika. Akikosekana mkereza, sisi wengine tumehamishwa bure. Tuulizeni nani anatakiwa kukaa karibu na nani kabla hamjachora mistari ya viwanja. Vanishi mtuwekee upande wake, mbali na umeme, ukuta wa tofali katikati.

Fedha ambazo mngetukopesha mmoja mmoja, angalau kwa mzunguko mmoja, ziwekeni kwenye tanuri la mbao la pamoja. Mikopo ya ZEEA, wakala wa serikali wa kuwawezesha wananchi kiuchumi, imewainua watu, sikatai, na wapo majirani zangu walionunua vifaa kwayo. Ila mikopo 40 midogo itanunua mashine 40 za kutoboa, na milango itaendelea kupinda. Tanuri moja likiwekwa karibu na Mafunzo ya Amali, vijana wakajifunza kuliendesha, na kila fundi akalipia kwa futi anazokausha, litajiendesha. SMIDA, wakala wa serikali wa viwanda vidogo na vya kati, wanaweza kulisimamia mwanzoni. Baadaye tuachieni sisi kwa hesabu zilizo wazi ukutani. Na Taasisi ya Viwango Zanzibar ije itupimie, ituwekee kiwango cha unyevu na cha unene wa mbao, ili yule anayeshinda kwa kupunguza unene asiwe tena mshindi.

Jengine ni zabuni. Madawati na viti vya skuli vinaagizwa kwa wingi, na masharti yanataka kampuni moja yenye mtaji mkubwa. Fundi mmoja hawezi madawati 500. Chama cha mafundi 40 kinaweza, kikiwa na kipimo kimoja, mkaguzi mmoja na sahihi moja. Tupeni nafasi ya kuomba kama chama, hata kwa skuli moja ya majaribio. Tukiharibu, msiturudie. Sisi upande wetu tumeanza: tangu karatasi ile ifike tumekutana mara nne barazani, tumechagua watu watano, na kwa mara ya kwanza tumekubaliana bei ya chini ya kabati la milango mitatu ambayo hakuna atakayeishusha. Watu waliokuwa hawasalimiani sasa wanazungumza. Naona uchungu kuwa imetuchukua tangazo la kuondoka ndipo tuliyafanya haya.

Kwa wenzangu wa Chake Chake, Wete na Mkoani, mkisoma hii na nyinyi mna safu yenu ya mafundi, andikeni majina yenu mapema na nani anategemea nani. Karatasi kama hii ikija, ni vizuri ikukuteni mnayo orodha mkononi.

Waheshimiwa, miezi mitatu inakwisha. Kabla haijaisha tunaomba kikao kimoja, na tunaomba kiwe bandani, si ofisini. Njooni Jumamosi yoyote saa tatu asubuhi, mashine zote zikiwa zinalia. Anzieni kwa muuza mbao. Mwambieni awape ubao mmoja wa mninga, kisha ufuateni kwa miguu.

Wenu katika kazi,

Fundi seremala, kwa niaba ya mafundi wa safu ya Mwanakwerekwe,
Unguja